Wito wa Mshairi na Sauti ya Enanga: William Everson na Habibu Selemani Katika Mizani Moja

Ikisiri

Makala hii inachunguza dhana ya wito wa mshairi kwa kuwaweka katika mizani moja wasanii wawili walioishi katika karne moja bila kujuana: William Everson (1912–1994), mshairi wa California aliyewahi kuwa bradha wa Shirika la Wadominiko, na Habibu Selemani (takriban 1929–1993), manju wa enanga wa Uhaya. Everson aliamini kwamba mshairi wa kweli ni mrithi wa mganga wa kale aliyeitwa na mizimu. Makala inadai kwamba imani hiyo, ambayo wahakiki wengine huihamishia kwa manju wa Kiafrika, haisimami katika Uhaya, ambako mbandwa na mpiga enanga ni watu wawili wenye kazi mbili. Wito wa manju hutoka kwa hadhira. Hoja hiyo inalazimu kulitazama upya neno “wa mwisho” ambalo Habibu Selemani amebandikwa katika uhakiki.

Kanzu iliyovuliwa

Mwezi wa Desemba 1969, katika Chuo Kikuu cha California kilichoko Davis, mtawa mmoja alisimama mbele ya hadhira akasoma shairi lake refu. Alipolimaliza aliivua kanzu ya utawa aliyojulikana nayo kote Marekani, akaondoka ukumbini akiwa mlei. Wasikilizaji wake walimfahamu kwa jina la Bradha Antoninus. Jina alilopewa na wazazi wake, ambalo alilirudia tangu siku hiyo, ni William Everson.

Ni rahisi kulisoma tukio hilo kama habari ya mtu aliyeshindwa na nadhiri, hasa kwa kuwa muda mfupi baadaye alioa. Usomaji huo unaacha nusu ya habari. Everson alizaliwa Sacramento mwaka 1912 na kukulia Selma, mji mdogo wa bonde la San Joaquin lenye mashamba ya mizabibu. Mwaka 1934, akiwa mwanafunzi katika chuo cha Fresno, alikutana na mashairi ya Robinson Jeffers maktabani, na tangu hapo alijihesabu kuwa mtu aliyeitwa. Vita Kuu ya Pili ilipofika alikataa kubeba silaha, akapelekwa katika kambi ya wapinga vita iliyokuwa Waldport, Oregon, mwaka 1943. Alibatizwa katika Kanisa Katoliki mwaka 1949, na mwaka 1951 akaingia kwa Wadominiko mjini Oakland. Kwa hiyo alipoingia utawani tayari alikuwa na wito mmoja, nao ulikuwa wa ushairi. Ule wa pili ulikuja juu yake. Aliivua kanzu ya wito wa pili palepale alipokuwa akitekeleza ule wa kwanza, na mbele ya watu. Hilo si jambo la bahati.

Alipokuwa amekwisha kutoka utawani, Everson alifundisha katika Chuo Kikuu cha California, Santa Cruz, na mihadhara yake huko ikazaa kitabu kiitwacho Birth of a Poet, kilichotoka mwaka 1982. Kiini cha kitabu ni wito. Mshairi, kwa maelezo yake, hachagui ushairi kama mtu achaguavyo kazi ya mshahara. Ushairi ndio unaomchagua yeye, na mara nyingi humchagua kwa kumjeruhi. Ili kulieleza hilo Everson anamrudia shamani, yaani mganga wa jamii za kale ambaye huugua, hutengwa na wenzake, husafiri kwa roho yake hadi ulimwengu usioonekana, kisha hurudi na neno la kuwaponya watu. Mshairi wa kisasa, asema Everson, ni ndugu wa mganga huyo aliyepoteza kabila lake.

Ni nadharia nzito, na inampa mshairi wa nchi yenye viwanda heshima ambayo soko halimpi. Tatizo linaanza pale inapodaiwa kuwa inaeleza hali ya washairi wote, na hasa wale wa jamii ambazo Everson alidhani bado zina kabila.

Mbandwa si manju

Dai kwamba manju wa Kiafrika ni mganga au mtabiri mwenye ala mkononi halikosekani katika mihadhara ya fasihi simulizi. Linapendwa kwa sababu mbili: linampandisha manju cheo, na linamwondolea mhakiki kazi ya kuuliza jinsi manju anavyofunzwa. Uhaya ni mahali pazuri pa kulijaribia, kwa kuwa huko kuna mganga wa namna hasa ya yule wa Everson, na kuna manju, na watu hawa wawili hawachanganywi.

Katika falme za kale za magharibi mwa Ziwa Nyanza, ambazo nyingi leo zimo katika wilaya za Bukoba, Missenyi na Muleba, ibada ya asili iliwahusu Bachwezi na mizimu mingine mikubwa: Wamara, mtawala wa wafu, Mugasha, mwenye ziwa na tufani, Irungu, mwenye nyika na uwindaji, na wengineo. Mizimu hiyo ilikuwa na watumishi wake, nao ni mbandwa. Mbandwa hakujichagua. Dalili ya kuitwa kwake mara nyingi ilikuwa ugonjwa au msiba uliokataa kupona, hadi ilipofahamika kwamba mzimu fulani unamtaka. Ndipo alipoingizwa katika jando la siri la mizimu, na tangu hapo mzimu ungeweza kumpanda kichwani na kusema kwa kinywa chake. Ugonjwa, kutengwa, safari, kurudi na neno: kila hatua aliyoitaja Everson imo.

Mpiga enanga hapiti njia hiyo. Enanga ni ubao uliochongwa mfano wa sinia refu; uzi mmoja hupitishwa huku na huku kwenye meno ya ncha zake mbili hadi ukawa nyuzi kadhaa zilizokazwa sambamba. Neno hilohilo hutaja ala na hutaja pia utendi unaoimbwa kwa ala hiyo, kana kwamba lugha yenyewe imekataa kutenga mkono na kinywa. Anayetaka kuwa manju hukaa karibu na anayejua, husikiliza, hukaza uzi, hukosea, huchekwa, hurudia. Anapoimba hapandwi na kitu. Akili yake lazima iwe timamu kabisa, kwa kuwa anashika mambo matatu kwa wakati mmoja: mwendo wa nyuzi, mpangilio wa matukio, na nyuso za watu waliokaa mbele yake. Mbandwa aliyepagawa hahitaji kukumbuka; manju asiyekumbuka hana kazi.

Pingamizi moja linastahili kujibiwa hapa. Miongoni mwa tendi mashuhuri za enanga, pamoja na zile za mashujaa kama Rukiza na Kachwenyanja, umo utendi wa Mugasha mwenyewe. Je, si kweli kwamba anayemwimba Mugasha anamtumikia Mugasha? Jibu ni kwamba mada ya wimbo haiamui cheo cha mwimbaji. Katika enanga Mugasha ni mhusika. Anatazamwa kutoka nje, anasimuliwa katika nafsi ya tatu, na hadhira iko huru kumcheka au kumshangaa. Katika ibada Mugasha husema “mimi”. Mpaka kati ya “yeye” na “mimi” ni mpaka kati ya sanaa mbili, na Wahaya waliulinda.

Jina la Habibu Selemani lenyewe ni ushahidi wa mpaka huo. Ni jina la Kiislamu, la mtu aliyefikia daraja la juu katika sanaa ambayo hazina yake imejaa mizimu ya kale. Uislamu ulifika pande hizi na wafanyabiashara katika karne ya 19. Wamisionari wa Afrika walijenga Kashozi mwaka 1892. Walutheri wa misheni ya Bethel wakafika mwaka 1910. Mtoto aliyezaliwa takriban mwaka 1929 alikulia katika nchi yenye miito mitatu iliyoshindana kwa sauti: adhana, kengele, na ngoma za mbandwa ambazo dini mbili za kwanza zilizipiga vita. Kama kupiga enanga kungekuwa ni kuitikia huo mwito wa tatu, sanaa hiyo ingekufa mikononi mwa waumini wapya kizazi cha kwanza tu. Haikufa. Mtu aliweza kuswali, kisha jioni akamsimulia Mugasha, kwa kuwa kumsimulia si kumwabudu. Mhakiki anayesisitiza kwamba manju ni mganga anamtia Habibu Selemani katika mgongano wa imani ambao sanaa yake haikumdai.

Anayetumwa kuona

Kama mzimu haumwiti manju, ni nani anayemwita? Fasihi ya Uhaya inatoa jibu, ingawa inalitoa katika utanzu jirani. Peter Seitel, aliyekusanya hadithi za Wahaya, alikipa kitabu chake cha mwaka 1980 jina la See So That We May See. Jina hilo limetokana na kauli ya hadhira mwanzoni mwa hadithi: wasikilizaji humwambia msimulizi aone, ili nao wapate kuona. Ni kauli fupi ya desturi, na watu husema kauli za desturi bila kuzifikiri. Lakini maana yake ni nzito kuliko utangulizi mwingi wa vitabu vya nadharia. Msimulizi hajitangazi kuwa mwonaji. Anaagizwa kuona. Kuona kwake ni kwa niaba, na wanaomwagiza wamekaa papo hapo, wanasubiri.

Hapa lazima tahadhari ichukuliwe. Kauli hiyo ni ya hadithi, na enanga ni utendi unaoimbwa. Haifai kuhamisha kanuni ya utanzu mmoja hadi mwingine bila kusita. Hata hivyo mantiki ya utendaji ni ileile. Katika makala yake “Tanzu za Fasihi Simulizi” ya mwaka 1989, M. M. Mulokozi aliweka hadhira, pamoja na fanani, tukio, mahali na wakati, miongoni mwa mambo yanayoamua utanzu wenyewe. Hadhira kwake haipo nje ya fani ikiitazama. Inafuata kwamba manju aliye peke yake na enanga yake ni mtu anayefanya mazoezi. Utendi haujaanza.

Everson alikuwa na hadhira pia, na kubwa. Usomaji wake wa mashairi uliwavuta watu. Lakini katika nadharia yake hadhira huja mwisho. Mshairi huona kwanza, jangwani, peke yake. Kisha huwaletea wengine alichokiona. Katika Uhaya mpangilio umegeuzwa: kwanza watu wanataka kuona, ndipo anapatikana wa kuwaonea. Tofauti hiyo si ya Afrika dhidi ya Marekani. Wala si ya jamii dhidi ya mtu binafsi, maneno ambayo yamechakaa kwa kutumiwa. Fasihi ya Uhaya inayo nafasi ya “mimi”, tena pana. Katika ebyebugo, yaani majigambo yaliyotolewa mbele ya mkama, mtu alisimama akajitaja kwa jina, akataja ukoo wake na ushujaa wake, akaahidi kufa kwa ajili ya mtawala wake. Jamii iliyotunga majigambo ya kiwango hicho haikuwa na haya ya nafsi. Ilichofanya ni kugawa kazi: nafsi ikapewa ebyebugo, mzimu ukapewa mbandwa, na hadhira ikapewa enanga. Everson alitaka mshairi mmoja abebe yote matatu. Haishangazi kwamba mzigo ulimwelemea hadi akavua kanzu jukwaani.

Pwani nayo inajua wito wa namna ya enanga. Mwengo wa Athumani alitunga Utendi wa Tambuka mwaka 1728 kwa agizo la mtawala wa Pate. Wahakiki wamezoea kuliona agizo kama kasoro, kama kwamba mshairi aliyetumwa na mtu hawezi kuwa ametumwa na Mungu. Mazoea hayo ni ya ulimbwende wa Ulaya, na yameingia katika uhakiki wa Kiswahili bila kukaguliwa mlangoni.

Iko sehemu moja ambapo Everson na manju wa Uhaya wanakaribiana kuliko Everson mwenyewe alivyofikiri, nayo haimo katika nadharia yake. Everson alikuwa mchapaji wa mkono. Akiwa utawani alianza kuchapa Zaburi kwa Kilatini, herufi moja baada ya nyingine, karatasi moja baada ya nyingine iliyoloweshwa kwa kipimo. Kazi hiyo ilimshinda kuimaliza, na kurasa zilizokuwa tayari zikatolewa mwaka 1955 zikiwa pungufu hivyohivyo. Baadaye, Santa Cruz, alichapa mashairi ya Jeffers, mwalimu wake wa maktabani, kwa kitabu kilichotoka mwaka 1975. Katika kazi hizi hakuna safari ya roho. Kuna mtu anayetumikia maneno yasiyo yake kwa vidole vyake, kwa uvumilivu, ili wengine wayaone. Hivyo ndivyo mpiga enanga naye afanyavyo. Ni jambo la kusikitisha kidogo kwamba mshairi huyu aliandika kurasa nyingi kumtafuta ndugu yake kwa waganga, ilhali angempata kwa mafundi.

Neno “wa mwisho”

Habibu Selemani alifariki mwaka 1993, mwaka mmoja kabla ya Everson. Mwaka 1997 Mulokozi alichapisha habari za maisha yake katika jarida la Research in African Literatures chini ya kichwa The Last of the Bards. Deni la wasomi kwa makala hiyo ni kubwa. Manju wa Afrika huingia vitabuni bila maisha: hutajwa jina, kijiji na umri, kisha maandishi ya utendi hufuata kana kwamba yalijiimba. Mulokozi, ambaye tangu makala yake ya mwaka 1983 kuhusu manju wa enanga na tasnifu yake ya mwaka 1986 alikuwa akithibitisha kwamba Afrika ya Mashariki ina tendi simulizi za kweli, alitambua kwamba uthibitisho hautoshi bila mtu. Ruth Finnegan alikuwa ameandika mwaka 1970 kwamba utendi hauelekei kuwa utanzu wa kawaida Afrika. Isidore Okpewho alimjibu mwaka 1979 kwa mifano mingi, hasa ya Afrika ya Magharibi na Kongo. Kumpa manju mmoja wa Uhaya wasifu kamili lilikuwa jibu la aina nyingine, na pengine lenye nguvu zaidi.

Kichwa cha makala hiyo, hata hivyo, kinastahili kubishiwa. “Wa mwisho” ni cheo kinachopendwa katika masimulizi ya ulimbwende: shujaa wa mwisho, mzungumzaji wa mwisho wa lugha, mganga wa mwisho anayekufa na siri zake. Cheo hicho kinaweka mwisho ndani ya mwili wa mtu mmoja. Manju akizikwa, sanaa imezikwa. Ikiwa wito unatoka kwa mzimu, basi maelezo hayo yana mantiki, kwa kuwa mzimu unaweza kuacha kuita. Lakini ikiwa wito unatoka kwa hadhira, swali linageuka: ni hadhira ipi iliyoacha kuagiza, na kwa nini?

Majibu yake hayatafutwi kaburini mwa msanii. Mwaka 1963 serikali ya Tanganyika huru ilifuta mamlaka ya machifu, na pamoja nayo ikaondoka hadhira ya kikale, jumba la mkama, ambako manju alikuwa na mahali pake na posho yake. Palibaki sherehe za arusi na vikao vya pombe ya ndizi, ambako watu hulipa kwa kadiri ya furaha yao na redio hushindana na ubao. Vita vya 1978–1979 vilipita mkoani humo. Mwaka 1983 wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini walitambuliwa Kagera, na katika miaka iliyofuata ugonjwa ulipunguza hasa watu wa umri wa kati, ambao ndio wenye kufanya arusi na wenye kuketi mbele kusikiliza. Habibu Selemani aliishi kupitia yote hayo. Kumwita wa mwisho, bila kutaja kilichozipata hadhira zake, ni kumtwisha yeye mwisho ambao haukuwa wake. Vivyo hivyo, ni kuwapa ruhusa walio hai wasikilize kwa majonzi badala ya kuagiza.

Suala hili lina sura ya kihariri, ambayo huenda ni ya manufaa zaidi kuliko mjadala wa cheo. Utendi wa enanga unapoandikwa kutoka katika kanda na kuwekwa kwa Kihaya na tafsiri ya Kiswahili kando yake, mhariri hukutana na sauti nyingi ambazo si za manju: mtu anayeitikia, anayecheka, anayekumbusha jina, anayeomba kipande kirudiwe. Jaribu la kuzifuta ni kubwa, maana zinavunja mstari na kuchafua vina vya macho. Mara nyingi hubaki vibwagizo vilivyokubalika na vingine vyote hutupwa, au husogezwa chini ya ukurasa kwa herufi ndogo. Mhariri anayefanya hivyo, hata kama hajawahi kumsoma Everson, amechagua upande wa Everson: amemwacha manju jangwani peke yake. Matoleo yajayo ya enanga yangefaa yazichape sauti hizo kwa herufi zilezile za ukubwa uleule, katika mstari zilipotokea, na pale jina la aliyesema linapojulikana na mwenyewe au jamaa zake wameridhia, jina hilo liwekwe pembeni kama linavyowekwa jina la manju.